Katuni ya 1943 na watu wasioulizwa sababu

Katuni za Superman za miaka ya vita zimerudi machoni pa watu. Mwaka 2023 Warner Bros. ilizisafisha zote 17 na kuzitoa upya kwenye diski. Kwa kuwa hakimiliki ya filamu hizo fupi haikuhuishwa muda wake ulipofika, zimekuwa mali ya umma nchini Marekani kwa miaka mingi, na mwenye simu yoyote anazipata bure. Januari 2026 Betty Boop, mhusika wa katuni aliyezaliwa katika studio ya ndugu Fleischer iliyoanzisha katuni hizo, naye akaingia kwenye mali ya umma kwa sura yake ya 1930, na watu wakaanza kupekua tena kabati lote la studio hiyo. Kila wanapofika kwenye katuni iitwayo Jungle Drums, iliyotoka tarehe 26 Machi 1943, mabishano yanawaka. Wapo wanaotaka ifutwe kwa sababu inawadhalilisha watu weusi. Wapo wanaosema iachwe, ni ya enzi zake, na adui ndani yake ni Mnazi. Nimeitazama mara nyingi, na naona pande zote mbili zinagombania mchoro ilhali kosa limo kwenye hadithi. Filamu nzima imesimama juu ya watu wanaotii, wanaocheza ngoma na walio tayari kuua bila sababu yoyote, na haioni haja ya kuwauliza. Wazo hilo lilikuwapo kabla ya 1943. Baadaye liliingia hadi kwenye ripoti za serikali, likaathiri maisha ya watu wetu. Kulifuta jina la katuni kwenye orodha hakulitoi wazo hilo, na kuibandika onyo hakulitoi pia.

Kwa asiyeiona, hadithi ni hii. Katika msitu usiotajwa jina kuna sanamu kubwa ya mawe inayoabudiwa na watu wa pale. Ndani ya sanamu hiyo Wanazi wameficha kituo chao, redio na mitambo yote. Kamanda wao anapojitokeza mbele ya waumini huvaa joho lenye kofia ya kufunika uso, nao humtii kama kuhani. Ndege ya Marekani inatunguliwa. Ndani yake yumo Lois Lane, mwandishi wa habari ambaye safari hii anabeba mzigo wa jasusi: hati za siri kuhusu msafara wa meli za Washirika. Anazificha, anakamatwa, anahojiwa, anakataa kusema. Kamanda anamkabidhi kwa waumini, wanamfunga kwenye nguzo ili wamchome moto, na ngoma zinalia. Clark Kent, aliyekuwa akipita angani kwa ndege nyingine, anashuka, anageuka Superman, anamwokoa. Hati zimekwisha kupatikana na nyambizi zinausaka msafara, lakini habari inawafikia Wamarekani kwa redio, ndege zao zinaziangamiza nyambizi, na mwishowe tunamwona Hitler mwenyewe kando ya redio akipokea habari mbaya. Yote hayo katika takriban dakika nane.

Kazi ya mikono ndani ya dakika hizo ni ya hali ya juu, na asiyelikubali hilo hataelewa kwa nini katuni hizi haziishi kurudi. Studio ya ndugu Max na Dave Fleischer ndiyo iliyoanzisha mfululizo huu Septemba 1941. Max, mzaliwa wa Kraków aliyekulia New York, ndiye aliyebuni rotoskopu, mtambo wa kuchora juu ya picha za mtu halisi aliyepigwa filamu ili mwendo wa katuni ufanane na wa mwili wa kweli. Filamu ya kwanza iligharimu takriban dola 50,000, fedha nyingi mno kwa katuni ya wakati ule, na ilipendekezwa kwa tuzo ya Oscar. Mwaka 1942 Paramount iliichukua studio, ndugu wakaondoka, jina likawa Famous Studios, na vita vikaingia moja kwa moja kwenye hadithi. Jungle Drums ni ya kumi na tano. Ya mwisho, iliyotoka Julai 1943, inahusu mwanamke jasusi aliyejipenyeza kwa wahujumu. Tofauti na ile ya mwisho, hii ya msituni ina kitu kinachomkaa mtazamaji kichwani: mwanga wa moto ukipanda na kushuka juu ya jiwe, na joho ambalo ndani yake hujui kuna nani mpaka afisa wa Kijerumani afunue uso.

Hapo kwenye joho ndipo penye akili ya filamu hii, na watetezi wake wana haki ya kuitaja. Mzizi wa uovu katika Jungle Drums ni mgeni mwenye sare. Ameikuta imani, ameivaa, na anaitumia kuwaongoza watu wasiojua anachokitaka. Katuni ya watoto ya 1943 imeona kwamba utawala wa kifashisti hujivika ibada, unahitaji moto wa usiku, ngoma na kuhani asiyeulizwa. Mtu aliyetazama mikutano ya Wanazi ya Nuremberg kwenye taarifa za sinema angelielewa hilo. Lakini filamu inasimama hapohapo. Imemfunua aliye ndani ya joho, ila haikuwageukia waliolipigia magoti joho. Hakuna hata mmoja wao mwenye jina. Hakuna anayeeleza kwa nini anamtii yule mtu, alimwahidi nini, alimtishia nini, nani kati yao alikataa. Kijana wa dada yangu, mwenye miaka minane, aliitazama nami kwenye simu, na ngoma zilipoanza akauliza: "Mjomba, hawa wanataka nini?" Sikuwa na jibu, kwa sababu filamu yenyewe haina. Mnazi anataka meli. Lois anataka kuzificha hati. Superman anataka kumwokoa Lois. Umati haujapewa la kutaka.

Hoja dhaifu kuliko zote katika mjadala huu ndiyo inayosikika zaidi: kwamba katuni ni ya enzi zake na watu wa wakati ule hawakujua zaidi. Walijua. Mwaka 1942, mwaka mmoja kabla ya Jungle Drums, Walter White, kiongozi wa NAACP, chama cha kutetea haki za Wamarekani weusi, alikwenda Hollywood kukutana na wakuu wa studio kuwataka waache kuwachora watu weusi kama vikaragosi. Mwaka uleule wa 1943 chama hicho kilipinga hadharani katuni ya Warner iliyowakejeli Wamarekani weusi. Na kama mtu atasema hayo yalihusu Wamarekani, kwamba Afrika hakuna aliyeijua, basi amtazame Ralph Bunche. Bunche alikuwa msomi mweusi aliyekaa London mwaka 1937 na kufundishwa Kiswahili na Jomo Kenyatta, kisha akafika Kenya kujionea mwenyewe. Vita vilipoanza, idara ya ujasusi ya Marekani iliyokuja kuitwa OSS ilimwajiri kuchambua masuala ya Afrika. Yaani siku Jungle Drums inaonyeshwa kwenye majumba ya sinema, ndani ya idara ya ujasusi ya nchi hiyohiyo alikuwemo mtu aliyekaa darasani na Kenyatta akijifunza lugha unayoisoma sasa. Ujuzi ulikuwepo mjini, ila waliotunga hadithi hawakuuendea. Kusema "enzi zile" ni kuwafuta kina White na Bunche kutoka kwenye enzi hizo, kana kwamba zilikuwa za wachoraji peke yao.

Inafaa pia kuuliza watu wetu walikuwa wapi mwezi Machi 1943, kwa kuwa filamu inadai kuonyesha vita katika msitu wao. Askari wa King's African Rifles, ambao wazee wetu waliwaita Keya, walikuwa wamekwisha kushiriki kuling'oa jeshi la Mussolini katika Afrika Mashariki, kazi iliyomalizika Gondar Novemba 1941. Mwaka 1942 walipigana Madagascar. Walikuwa wakijiandaa kwa Burma. Tarehe 12 Februari 1944, chini ya mwaka mmoja baada ya katuni kutoka, meli Khedive Ismail iliyotoka Mombasa ikielekea Colombo ndani ya msafara ilipigwa na nyambizi ya Kijapani karibu na Maldives. Watu takriban 1,300 walikufa, mamia kati yao wakiwa wapiga mizinga wa Afrika Mashariki wa kikosi cha 301. Ulinganishe na katuni. Katika katuni, watu wa msituni wanasaidia nyambizi za adui kuuwinda msafara wa meli. Baharini, watu wa huku walikuwa ndani ya msafara, na nyambizi iliwaua wao. Sidai kwamba mchoraji wa 1943 angeweza kulijua tukio la 1944. Nadai kwamba mtazamaji wa leo, aliyekaa Dar es Salaam au Nairobi na kuiona katuni hii bila kuijua Khedive Ismail, amepewa nusu ya picha, tena ile nusu ya uongo.

Katanga ina kisa kingine. Kama ulitaka hadithi ya kweli ya majasusi wa Marekani katika Afrika ya mwaka 1943, ilikuwepo Kongo. Urani iliyokwenda kutengeneza mabomu ya atomu ya Marekani kwa sehemu kubwa ilitoka mgodi wa Shinkolobwe. Edgar Sengier, mkuu wa kampuni ya Union Minière, alikuwa amesafirisha zaidi ya tani elfu moja za madini hayo hadi New York mwaka 1940, na OSS ikatuma majasusi Léopoldville kuhakikisha yaliyobaki hayafiki mikononi mwa Wajerumani. Siri kubwa kuliko zote za vita vile ilichimbwa kwa mikono ya Wakongo, katika jimbo ambalo Kiswahili ndicho lugha ya mgodini na mitaani, na waliochimba hawakuambiwa wanachimba nini. Hapa pia kulikuwa na watu waliotumiwa na wageni wenye siri. Tofauti ni kwamba hawakuwa wakiabudu sanamu. Walikuwa wakifanya kazi ngumu kwa ujira mdogo chini ya sheria za kikoloni, na sababu zao unaweza kuziandika zote kwenye karatasi moja: kodi, mkataba, watoto wa kulisha, mjeledi.

Kwa nini nisisitize sababu kiasi hiki? Kwa kuwa kuwanyima watu sababu hakukuishia kwenye sinema. Julai 1905 watu wa milima ya Matumbi, jirani na Kilwa, waliing'oa pamba ya kulazimishwa. Utawala wa Kijerumani ukapenda kueleza vita vya Maji Maji kwa maji ya dawa na waganga: mganga Kinjekitile amewalevya watu, basi. Alinyongwa Mohoro mwezi uliofuata, na makumi ya maelfu walikufa, wengi kwa njaa iliyopangwa. Wapo wanahistoria wanaofikisha hesabu hiyo karibu 300,000. Maji yalikuwepo, imani ilikuwepo, wala sioni aibu kulisema. Lakini imani ile iliwaunganisha watu wa makabila mengi waliokuwa na dai moja linaloeleweka, nalo ni kuondolewa shamba la pamba, kodi na fimbo ya akida. Aliyeyaona maji peke yake hakulazimika kuizungumzia pamba.

Ikaja Kenya. Hali ya hatari ilipotangazwa Oktoba 1952, Mau Mau ilielezwa kwa ulimwengu kama ibada ya giza: viapo vya usiku, msitu, damu, umati uliopagawa. Mwaka 1954 daktari wa akili J. C. Carothers aliiandikia serikali ya kikoloni maelezo ya Mau Mau kama tatizo la nafsi ya Mwafrika aliyekatwa na mila zake. Mwaka 1960 ripoti ya Corfield ikaendeleza mtindo uleule wa kuiona harakati kama ushetani kuliko siasa. Dai la wapiganaji lilikuwa kwenye jina walilojiita wenyewe: ardhi na uhuru. Sasa mtazame Waruhiu Itote. Alijiunga na Keya wakati wa vita, akapigana Burma upande uleule wa Superman, na baadaye akaeleza jinsi mazungumzo na wanajeshi wa mataifa mengine huko yalivyomfanya ajiulize anapigania nchi ya nani. Alirudi, akaingia msituni Mlima Kenya, akawa Jenerali China. Mtu mmoja, katika muda wa miaka kumi, alitoka kuwa askari wa Washirika akawa, machoni pa serikali ileile aliyoitumikia, mmoja wa wale waliofunga wahanga kwenye nguzo. Sababu zake hazikuwa zimefichika, na akizieleza zinaeleweka. Ila aliyezoea kuona umati bila sababu hana sikio la kuzisikia, na sikio hilo lisipokuwepo kambi za kizuizini zinakuwa rahisi kuzitetea. Mpaka mwaka 2013 ndipo Uingereza ilipokubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa zaidi ya Wakenya 5,200 walioteswa.

Silaumu katuni ya dakika nane kwa kambi za Kenya. Nasema vitu hivi viwili vinatumia kiunzi kimoja cha hadithi, na kiunzi hicho ndicho kinachopaswa kujadiliwa.

Tukilikubali hilo, hoja ya wanaotaka ifutwe inabaki na uzito wake upande mmoja tu, wa watoto. Mtoto wa miaka mitano haoni joho, anaona watu wanaofanana naye wakimfunga mwanamke kwenye nguzo, na mzazi anayesema "si nyumbani kwangu" yuko sahihi kabisa. Lakini kufungia kwa ujumla tumekwisha kuona kunafanya nini. Mwaka 1968 katuni 11 za Warner ziliondolewa kwenye mzunguko wa televisheni ya Marekani kwa sababu ya namna zilivyowachora watu weusi. Hazikupotea. Ziligeuka kitu cha kutafutwa, zikasambaa kwa nakala mbovu, zikitazamwa faraghani na wenye hamu ya kilichofichwa, bila mwalimu wala maelezo. Onyo la maandishi kabla ya filamu, kama Disney+ ilivyoanza kuweka kwa kazi zake za zamani, ni uungwana na sina neno nalo. Ila linazungumza na jicho peke yake. Linamwambia mtazamaji kwamba picha hizi zilikuwa na ubaguzi, kisha hadithi inaanza kama ilivyokuwa, na umati unabaki bila la kutaka.

Kuna jambo jingine ambalo wengi hawalioni wanapofurahia kwamba kitu kimekuwa mali ya umma. Kilicho bure ndicho kinachonakiliwa zaidi. Picha za Mwafrika zilizochorwa na wengine kati ya 1920 na 1945 sasa zinazidi kufunguliwa mwaka hadi mwaka, wakati picha ambazo Waafrika wenyewe wamezichora, kuanzia miaka ya uhuru hadi leo, zitabaki chini ya hakimiliki kwa miongo mingi. Hiyo ni haki ya wasanii wetu, sitaki waporwe. Lakini matokeo yake ni kwamba mtengeneza video asiye na fedha, au mashine ya kuzalisha picha inayolishwa chochote kinachopatikana kwa urahisi, itakutana na ngoma za 1943 kabla ya kukutana na kazi ya kijana wa Arusha au Lubumbashi. Kukaa kimya kwa hiyo si kutoegemea upande wowote, kwa sababu ya zamani yanaendelea kuzunguka yenyewe bila kusukumwa na mtu.

Uhuru huohuo lakini unatupa nasi mlango, na kwetu upo utamaduni unaoujua mlango huo vizuri. Katika vibanda umiza vya Tanzania, yaani vibanda vya kuonyeshea video, marehemu Lufufu aliwahi kuichukua filamu ya kigeni na kuisimulia kwa Kiswahili mwanzo hadi mwisho. Akimpa jina mtu asiye na jina na kueleza sababu ambayo mwandishi wa filamu hakuiwaza, watazamaji walikuwa wakimfuata yeye. Kenya wanaye DJ Afro. Tumezoea kuiita kazi hii burudani ya watu wa chini, na wengine wanaiona ni kuharibu filamu za watu. Mimi naiona kuwa ndiyo njia ya uhakiki iliyokomaa kuliko zote tulizonazo, kwa sababu inafanyika filamu ikiwa inatembea, mbele ya watu, kwa lugha yao. Filamu zile 17 zenyewe ziko huru kutumiwa hivyo. Tahadhari ni moja: mhusika Superman bado ana hakimiliki Marekani mpaka mwisho wa 2033, na jina na nembo yake ni alama za biashara, kwa hiyo mtu asichapishe fulana akidhani naye ameachiwa.

Ningependa mmoja wa watafsiri hao aichukue Jungle Drums. Pale ngoma zinapoanza na Lois yuko kwenye nguzo, pana nafasi ya sauti ya mtu kuingia. Aanze na swali la yule mtoto, hawa wanataka nini, kisha amchague mmoja pale kwenye mduara, ampe jina na kijiji, aseme kodi yake ni kiasi gani na yule mwenye joho alimwahidi nini. Aseme kwamba wakati katuni hii inaonyeshwa Marekani, Itote alikuwa tayari amevaa sare ya Keya. Aitaje Khedive Ismail, bandari iliyotoka, na wapiga mizinga waliokuwamo. Halafu amrudie Superman, ambaye atakuwa bado yuko angani.